Watu watatu, filamu tatu: shajara ya kazi za masika

Februari 12

Kazi za kutunga muziki wa filamu zimekuja tatu kwa mpigo na zote nimezipokea. Ya kwanza ni tamthilia ya vichekesho kuhusu dalali wa nyumba wa Sinza ambaye chumba kimoja anakipangisha kwa watu wawili, kisha vipindi vyote vinavyofuata ni kukimbia. Ya pili ni filamu fupi ya kutisha, dakika 22, imepigwa yote ndani ya nyumba ya kupanga Magomeni: korido katikati, vyumba vitatu huku, vitatu kule, choo uani. Ya tatu ni filamu ya makala ya saa nzima kuhusu familia zilizohama Jangwani, kwenye Bonde la Msimbazi, baada ya miaka na miaka ya kunyanyua magodoro kila mvua ikinyesha.

Ukijumlisha fungu la muziki la kazi zote tatu unapata fedha ya kuwalipa watu watatu vizuri au watu tisa vibaya. Nimechagua watatu. Mmoja ni mzee wa Kigogo kutoka Chamwino, fundi wa zeze, chombo cha nyuzi, na ilimba, ubao wenye funguo za chuma zinazopigwa kwa vidole gumba. Wa pili ni mpiga ganuni, kile chombo cha taarabu chenye nyuzi nyingi, wa Unguja; kila mtu humwita Maalim, na mimi sina sababu ya kumwita vingine. Wa tatu ni mama mpiga muheme, ngoma ya wanawake wa Kigogo, naye Mgogo, siku hizi anakaa Kimara. Hao hao watapiga kwenye vichekesho, kwenye kutisha na kwenye makala. Mimi nina tarumbeta yangu, kinanda na kompyuta.

Mtayarishaji wa tamthilia alipoona nauli za treni na boti kwenye bajeti akanipigia. "Kaka, si una kompyuta? Vyombo vyote si vimo humo?" Vimo kweli. Vimo pia kwenye kompyuta ya kila mtu kuanzia Tabata mpaka Mbezi, ndiyo maana siku hizi ukifumba macho mbele ya televisheni huwezi kujua kama ni msiba, harusi au mtu amefumaniwa. Nikamwambia nauli ni yangu, ikatwe kwenye malipo yangu. Akakubali haraka mno, nikajua ningeweza kubishana kidogo.

Februari 16

Leo nimekaa na daftari tu, sijagusa chombo. Nimeandika swali moja juu ya ukurasa: mtu yule yule, vyombo vile vile, kitu gani kinabadilika ukitoka kwenye kicheko kwenda kwenye hofu?

Swali hili lina historia kwangu. Hapa mjini ukifanya kazi moja ikapendwa, unagandishwa nayo. Kwa miaka kadhaa nimekuwa "mtu wa machozi", kisa tamthilia moja ya mapenzi iliyorudiwa hewani mpaka ikachosha. Nikiomba kazi ya kutisha naambiwa niko laini mno. Nikiomba vichekesho naambiwa niko mzito. Hakuna anayekumbuka kwamba kabla ya hapo nilikuwa natunga matangazo ya sabuni ya redioni, na kabla ya matangazo nilipuliza tarumbeta kwenye bendi ya dansi, na kabla ya dansi nilikuwa kwenye matarumbeta ya kanisani, yale ya Walutheri, ambako Ijumaa Kuu na Jumatatu ya Pasaka unapuliza bomba lile lile na hakuna anayekuuliza kama umehitimu huzuni au furaha.

Ennio Morricone naye alianza na tarumbeta. Alizaliwa Roma 1928, akafia huko huko 2020, na katikati akaandika muziki wa filamu na vipindi vya televisheni zaidi ya 400. Kabla ya filamu alikuwa akipanga muziki wa nyimbo za kawaida za redioni na za santuri kwa kampuni ya RCA. Watu wanamjua kwa filamu za mabastola za Sergio Leone, lakini ni yeye huyo aliyeandika muziki wa *The Thing* mwaka 1982, filamu ya kutisha, ambao karibu wote ni pigo moja zito linalorudi na kurudi, na ni yeye aliyeandika wimbo wa oboe, ile zumari ya okestra, wa *The Mission* mwaka 1986. Na hakuhama Roma kwenda Hollywood, ingawa walimwita. Oscar ya ushindani ilimfuata 2016 akiwa na miaka 87. Namtaja kwa sababu kila mwezi kuna mtu ananiambia nihamie Nairobi au Lagos.

Karibu na kwetu yupo Trevor Jones, mzaliwa wa Cape Town mwaka 1949. Mtu mmoja, kwenye kazi zake utakuta *Mississippi Burning* ya 1988, hadithi ya mauaji na ubaguzi, na *Notting Hill* ya 1999, mapenzi na kicheko. Huko wanamwita mtunzi. Hapa angeambiwa achague moja.

Kilichonifanya nichague watu watatu badala ya violini za kompyuta nacho nimekichukua kwa Morricone. Mwaka 1964 filamu yake ya kwanza na Leone haikuwa na fedha ya okestra kubwa. Akaweka mluzi, mjeledi, gitaa la umeme, sauti za watu. Leo ukipiga mluzi ule mbele ya mtoto wa Manzese ambaye hajawahi kuona hiyo filamu, mkono unakwenda kiunoni.

Februari 21

Nimekwenda kwenye upigaji picha wa tamthilia, nyuma ya Sinza Kumekucha, na spika ndogo mfukoni. Wimbo mkuu wa dalali ninao tayari: zeze peke yake, mwendo wa kuchechemea, noti ya mwisho inakatwa kabla haijafika. Nimemwomba mwongozaji aupige dalali anapovuka barabara na funguo mkononi. Leone alifanya hivyo mwaka 1968. Muziki wa Morricone ulikuwa umeshaandikwa, ukawa unapigwa palepale waigizaji wakitembea.

Dalali wetu alisikia mara moja tu, akabadilisha mguu. Alikuwa anatembea kama mtu mwenye haraka. Sasa anatembea kama mtu anayejifanya hana haraka, na hapo ndipo watu wote nyuma ya kamera walipoangua kicheko. Muuza mahindi aliyekuwa upande wa pili naye kacheka, na yeye hajui hata hadithi.

Dada mhariri alikuwepo. Nimemsihi asiweke muziki wa kuazima kwenye picha kabla sijampa wangu. Kila mtunzi anaujua ugonjwa huu: mhariri anaweka kipande cha filamu ya Marekani ili picha zisiwe kavu, mwongozaji anakizoea kwa wiki tatu, kisha wewe unaambiwa uandike "kama hiki ila kisiwe hiki". Ameahidi. Tutaona.

Februari 27

Mzee amefika kwa treni ya umeme kutoka Dodoma, zeze ndani ya gunia, ilimba mapajani. Anasema askari wa stesheni alitaka kufungua gunia, akalifungua mwenyewe na kupiga kidogo, foleni ikasimama.

Siku nzima imekwenda kwenye sauti. Huwezi kukaa na chombo cha Kigogo na kinanda cha kompyuta chumba kimoja ukajifanya hujasikia. Ngazi ya sauti ya Wagogo inatoka kwenye sauti ndogo zinazojificha ndani ya sauti moja kuu, ile ngazi ya asili ambayo waya wowote unayo. Sauti ya tano katika ngazi hiyo iko senti 14 (senti ya kupimia sauti, si ya fedha) chini ya ile ya piano, na ya saba iko senti 31 chini. Nusu toni nzima ina senti 100, kwa hiyo hilo si jambo dogo. Nilipogusa kinanda chini ya zeze, Mzee alikunja uso. Hakusema kinanda kibaya. Alisema, "Hicho kinakuja kutoka upande mwingine."

Kinanda nimekizima. Maalim alikuwa amekaa kimya na ganuni yake, akauliza kama anaweza kumsikia Mzee tena polepole. Ganuni ina vipini vidogo vya shaba chini ya nyuzi, unavipandisha na kuvishusha kupata robo za maqamu, ngazi za muziki wa Kiarabu. Robo ni kama senti 50. Hapa tulihitaji 14. Vipini havisaidii. Basi Maalim akatoa ufunguo wake mfukoni na kuanza kushusha nyuzi zenyewe, na kila noti kwenye ganuni ina nyuzi tatu, na noti hiyo inarudi juu na chini ya chombo, na zote lazima zikubaliane. Alikuwa anainamisha sikio mpaka ndevu zinagusa mbao. Mzee anapiga noti moja, Maalim anavuta ufunguo kidogo, Mzee anatikisa kichwa, Maalim anarudisha. Chai ilipoa. Walipomaliza wakapiga pamoja noti ile, na sikusikia ganuni wala zeze, nilisikia kitu cha tatu ambacho sina chombo cha kukitengeneza. Nimekirekodi hivyo hivyo, dakika nzima, bila wimbo. Kitaingia kwenye makala, sijui wapi.

Machi 5

Hesabu. Wasiopenda hesabu waruke, ila hapa ndipo swali la Februari 16 lilipoanza kupata jibu.

Tamthilia ni ya televisheni, fremu 25, yaani picha moja moja 25, kwa sekunde. Filamu ya Magomeni imepigwa kwa fremu 24, kwa sababu mwongozaji anaitafutia nafasi kwenye matamasha. Nataka mchezo mmoja wa zeze utumike kote kuwili. Kwa fremu 25, mwendo wa mapigo 100 kwa dakika unaweka kila pigo juu ya fremu 15 kamili. Kwa fremu 24, mapigo 96 yanakupa fremu 15 zile zile. Tofauti kati ya 96 na 100 mtazamaji haisikii. Basi zeze la dalali na zeze la korido vinaweza kuwa ndugu wa damu.

Kwenye vichekesho nimemwomba dada mhariri akate juu ya pigo. Dalali anageuka, pigo. Mpangaji wa pili anatokea, pigo. Funguo zinaanguka, pigo. Watu hucheka kwa sababu dunia nzima inaonekana kula njama dhidi ya mtu mmoja. Kwenye Magomeni nimeomba kinyume chake. Mlango wa chumba cha mwisho ufunguke fremu saba kabla ya pigo, karibu theluthi ya sekunde. Hakuna mtazamaji atakayeweza kusema nini kimeharibika. Atajua tu kwamba sakafu haiko pale alipodhani ipo.

Tatizo ni Mzee. Hataki kliki masikioni, ule mlio wa kompyuta unaohesabu mapigo. Amevaa hedifoni, amesikiliza kidogo, akazivua taratibu: "Hii inagonga kama fundi seremala ambaye hajalipwa." Ameziweka mezani na mjadala umefungwa. Njia tuliyoipata ni ya zamani kuliko kompyuta. Mama wa muheme anavaa hedifoni yeye, anapiga kwa kufuata kliki, na Mzee anamfuata Mama. Mama ana muda imara kuliko mashine, na zaidi ya hapo Mzee anamheshimu.

Machi 12

Korido ya Magomeni.

Nimeiangalia filamu bila sauti yoyote, usiku, taa zimezimwa, kama mjinga. Binti amepanga chumba cha tatu kushoto. Kila usiku anasikia mtu anafagia korido. Asubuhi korido ina vumbi.

Mwongozaji ni kijana mwenye haraka, anataka kishindo kila mlango ukifunguka. Nimemwambia habari ya mtunzi Bernard Herrmann na *Psycho* ya 1960. Hitchcock, mwongozaji wake, alitaka tukio la bafuni lisiwe na muziki kabisa. Herrmann akaandika hata hivyo, Hitchcock akasikia, akabadilisha mawazo. Hiyo sehemu kila mtu anaijua na kijana aliijua pia. Asichokijua ni kwamba filamu nzima ina vyombo vya nyuzi tu, na kwamba katika sehemu nyingine zote nyuzi zimefungwa vizibo ili sauti iwe kama imefunikwa na blanketi. Bafuni ndipo vizibo vilipotolewa. Kishindo kile kina nguvu kwa sababu umesubirishwa. Ukipiga kishindo kila mlango, mlango wa sita utapigiwa miayo.

Tumekubaliana: kishindo kimoja tu kwenye dakika zote 22, na kitapigwa na muheme.

Sauti ya ufagio ndiyo iliyonipa raha. Sikutaka ufagio wa kweli, upo tayari kwenye picha. Nilimwomba Mama asipige ngoma. Alowanishe kidole gumba na akipitishe juu ya ngozi, polepole, kutoka ukingoni kuja katikati. Ngoma ikanguruma kwa chini, kama kitu kinachogeuka usingizini. Mama akaondoa mkono haraka. "Mwanangu, ngoma haichezewi hivi usiku." Tukarekodi kesho yake saa nne asubuhi, madirisha wazi, muuza samaki akipita nje, na bado inatisha. Muuza samaki nimemtoa kwenye mchanganyo, kwa shida.

Ilimba nayo imenifundisha jambo. Kwenye ubao wake ina matundu yaliyozibwa kwa utando wa buibui. Ukipiga funguo, utando unatetema na kutoa mlio wa nyuki. Nimesogeza maikrofoni mpaka karibu iguse tundu. Noti yenyewe imekaribia kupotea, umebaki mvumo. Maiki hiyo hiyo nikiiweka hatua moja nyuma, ilimba inacheka. Nikiipeleka upande wa pili wa chumba, inakuwa kumbukumbu ya mtu mwingine. Mzee hakubadilisha kitu chochote, alipiga vilevile. Nimeandika kwenye daftari chini ya lile swali: *umbali, na fremu saba.*

Machi 19

Mvua. Tulipangiwa kurekodi sehemu zote za vichekesho leo. Studio yangu ina magodoro ukutani lakini paa ni bati, na bati la Sinza likipata mvua ya masika hata mkwe wako humsikii. Saa sita umeme ukakatika pia, kwa hiyo hata hoja ya kusubiri mvua ipungue ikaisha yenyewe. Tumekula wali kwa mama lishe wa jirani na kupiga soga.

Maalim alikuwa na hadithi za Unguja za wazee wake: picha ya Kihindi inaonyeshwa sinema ya Majestic, na kabla wiki haijaisha wimbo wake umeshavishwa maneno ya Kiswahili na unapigwa harusini. Mama naye alikumbuka kusimuliwa foleni za sinema za Empire na Avalon hapa Dar. Wote tumekulia kwenye muziki wa Bombay bila kuujua kwa jina. Nami nikasema, mkitaka kuona mtu anayevuka aina za filamu, mwangalieni mtunzi wa Kihindi, maana yeye havuki kutoka filamu moja kwenda nyingine, anavuka ndani ya filamu hiyo hiyo. *Sholay* ya 1975 ina ngumi, ina mapenzi, ina vichekesho vya gerezani, ina mjane, ina jambazi, na R. D. Burman alilazimika kuwa na kitu mfukoni kwa kila mmoja wao. Ukitaka kumfunga mtu wa aina hiyo kwenye kabati moja utakosa kabati.

Maalim akauliza kama alilipwa mara tano. Hatukupata jibu.

Machi 24

Jua. Vichekesho vyote vimerekodiwa, karibu bila kupumua. Hakuna la kusimulia, watu walikuja wamejiandaa.

Machi 28

Makala, na ubishi.

Kuna mama mmoja kwenye makala anaonyesha alama ya maji ukutani kwenye nyumba yake ya Jangwani. Kwanza anaonyesha alama ya goti. Kisha anapandisha mkono, alama ya kifua. Kisha anasema huu ni mwaka fulani, anasimama kwa vidole vya miguu, na mkono unakaribia dari. Hasemi zaidi. Nyuma yake kuna kalenda imening'inia, juu ya alama ya juu kabisa. Mwongozaji alitaka violini hapo. Alisema watazamaji lazima wasikie uzito.

Mimi nilisema hapo hakuna muziki. Mkono wa yule mama unapanda, na ukiweka wimbo unaopanda pamoja nao, umemnyang'anya. Muziki uanze baadaye, wakati kabati limeshapakiwa kwenye kirikuu na mama anafunga mlango ambao utabomolewa, halafu bado anaukagua kama umefungika. Pale mtazamaji anahitaji mahali pa kuweka alichokiona.

Tulibishana mpaka chai ya pili. Yeye ni mtu makini, hakuwa anabisha kwa ubishi. Alikuwa na hofu kwamba walioweka fedha wataona sehemu hiyo ni kavu. Na kweli, walioweka fedha walishaleta barua: wanaomba "sauti ya Kiafrika zaidi, kwa mfano djembe." Djembe ni ya Guinea na Mali huko. Msimbazi na djembe wapi na wapi? Ludwig Göransson, Msweden, alipopewa *Black Panther*, alifunga safari mpaka Senegal, akazunguka na mwimbaji Baaba Maal, akaenda pia kusikiliza hazina ya kanda za muziki wa Afrika iliyoko Afrika Kusini, ndipo akachagua: tama, ngoma ile inayosema, kwa ajili ya mfalme, na filimbi ya Wafulani kwa adui yake. Alikuwa anaandika nchi ya kubuni na bado alitaka kujua ngoma ni ya nani. Sisi tunaandika Jangwani, mtaa ambao basi la mwendokasi linapita juu yake, na tunaletewa djembe.

Nimeandika barua fupi ya heshima. Nimeambatanisha ile dakika ya zeze na ganuni ya Februari 27, imewekwa kuanzia mlango unapofungwa. Sikueleza zaidi.

Aprili 2

Wamejibu: "Hii ni nzuri sana. Je, hii ni djembe?"

Imepita. Na mkono wa yule mama umebaki bila muziki. Mwongozaji ameniambia alipoitazama na mkewe, mkewe alishika mdomo wakati kalenda inaonekana. Hapo sikuongeza neno, nikijua nikishangilia atanirudishia violini.

Aprili 6

Kituo cha televisheni kimevuta mbele tarehe ya tamthilia. Vipindi vinne vya mwanzo vinatakiwa kabla ya mwisho wa wiki ijayo. Nimejifariji na mtunzi Jerry Goldsmith: mwaka 1974 alipewa *Chinatown* baada ya muziki wa mtunzi mwingine kukataliwa, akaandika wote kwa siku kumi. Vyombo alivyochagua vilikuwa vya ajabu na vichache kwa aina: tarumbeta moja, piano nne, vinubi vinne, wapiga midundo wawili, na nyuzi. Mtu huyo huyo miaka miwili baadaye alipata Oscar yake pekee kwa kwaya ya kishetani ya *The Omen*. Ukiwa na siku kumi huna muda wa kutafuta rangi mpya kila asubuhi. Unachagua ndoo ya rangi mara moja na kupaka nayo nyumba nzima.

Kwa hiyo sirekodi kipya. Ninachukua zilizopo: zeze la kuchechemea, mvumo wa ilimba, kishindo cha muheme. Katika kipindi cha tatu dalali anaingia kwenye nyumba ya bibi mmoja anayeaminika ni mchawi, na nimeingiza ile ngurumo ya kidole gumba ya Magomeni, sekunde nne tu, kisha zeze linakatiza juu ya pigo. Mhariri alicheka mpaka akasimamisha mashine. Ngurumo ni ile ile, haijaguswa. Kilichobadilika ni kwamba safari hii imewekwa juu ya fremu yake.

Tarumbeta yangu imeingia mara moja, kwenye tamthilia, dalali anapodhani ameshinda. Nimeipuliza kama tulivyopuliza Pasaka.

Aprili 11

Karatasi. Sehemu hii haina raha lakini ndiyo inayolipa ada za shule.

Kila kazi nimeipeleka kwa mafungu yaliyotengana: zeze peke yake, ganuni peke yake, muheme peke yake, mengine peke yake, yote kwa ubora wa 48 kHz, biti 24. Mchanganyaji akitaka kushusha ganuni chini ya maneno asilazimike kushusha kila kitu. Televisheni wanataka ukubwa wa sauti wa -23 LUFS, kiwango kinachotumika Ulaya. Tamasha wanataka sauti ipumue zaidi, na filamu ya korido bila kimya chake haina kazi.

Mtayarishaji wa tamthilia alileta mkataba wa kununua muziki moja kwa moja, haki zote, milele. Nimekataa kifungu hicho na kupendekeza leseni: wautumie kwenye tamthilia hii na matangazo yake, kokote itakakorushwa, ila wimbo ubaki wetu. Nimeandaa orodha ya matumizi ya muziki kwa kila kipindi: jina la kipande, kinaanza wapi, kinaisha wapi, nani katunga, nani kapiga. Nakala moja kwao, moja COSOTA, ofisi ya hakimiliki. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 inamtambua mpigaji pia, siyo mtunzi tu, na kwenye orodha yangu Mzee, Maalim na Mama wameandikwa kwa majina yao kamili. Mzee aliuliza kama hiyo ina maana atalipwa tena siku nyingine. Nikamwambia ina maana kwamba siku fedha ikija itajua njia ya Chamwino. Akasema basi niandike na jina la kijiji.

Maalim amerudi na boti ya mchana. Amerudisha nyuzi zote kwenye hali yake kabla ya kuondoka, maana Jumamosi ana harusi Malindi ya Unguja, na hakutaka mtu amuulize pale kwa nini ganuni inanukia Dodoma.

Aprili 14

Vipindi viwili vimepitishwa, viwili vimerudi na maombi madogo. Makala imefungwa. Filamu ya Magomeni mwongozaji amekata tena sekunde tatu kwenye korido, na sekunde tatu kwa fremu 24 ni fremu 72, ambazo hazigawanyiki kwa 15, kwa hiyo mlango wa mwisho sasa unafunguka karibu sana na pigo. Kesho naanza na huo. Ama mhariri anirudishie fremu kumi na mbili, ama nimwite Mama kutoka Kimara apige upya, ila saa nne asubuhi, kwa masharti yake.

Mtayarishaji wa tamthilia amenipigia jioni kuuliza kama watu watatu hao wanapatikana Agosti. Kuna hadithi ya upelelezi, Kariakoo, duka la vitambaa. Amesema nauli safari hii atalipa yeye.